Kabla Hawajagusa Haki Yako, Wataanza na Njia ya Kuibadilisha Katiba



Ndugu na dada zetu wa Nyeri, Karatina, Nanyuki, Murang'a, Embu, Meru na miji yote ya Mlima Kenya. Kila uchaguzi ukikaribia, maneno ya kubadilisha katiba huanza upya. Huyu anataka cheo cha waziri mkuu kirudi, yule anataka maeneo bunge yaongezwe, mwingine anataka muhula wa rais urefushwe. Na kila mara vijana wetu wanauliza swali lilelile: sasa sisi Waislamu tunaguswa wapi hapo? Mahakama ya Kadhi iko salama ama haiko?

Jibu fupi ni kwamba iko ndani ya katiba, lakini kufuli yake si nzito vile wengi wetu tunavyodhani. Jibu refu linahitaji turudi nyuma kidogo, manake katiba ya kwanza ya nchi hii haikuvunjwa kwa siku moja. Ilibadilishwa kidogo kidogo, na kila badiliko lilikuja na sababu iliyosikika nzuri. Aliyelala kwenye badiliko la kwanza aliamka kwenye la kumi.

Hebu tuanze 1963. Katiba ya uhuru ilikuwa na mabunge mawili, Bunge la Wawakilishi na Seneti, na ilikuwa na majimbo. Kuibadilisha haikuwa rahisi. Ilihitaji asilimia 75 ya kila bunge, na kwa mambo mazito kama mamlaka ya majimbo, Seneti ilihitajika kutoa asilimia 90. Makabila madogo na dini za watu wachache zilitegemea hesabu hizo. Zilikuwa na maana kwamba mkubwa hawezi kumfanyia mdogo atakalo bila kumuuliza.

Novemba 1964 chama cha upinzani cha KADU kilijivunja na wabunge wake wakaingia KANU. Mwezi uliofuata Kenya ikawa jamhuri, na majimbo yakaanza kunyang'anywa nguvu. Halafu 1965 likaja badiliko ambalo halikupigiwa kelele nyingi mitaani: kiwango cha kubadilisha katiba kilishushwa hadi asilimia 65. Someni hapo tena. Hawakuanza na haki ya mtu. Walianza na mlango. Mlango ukishalegezwa, kila kinachofuata kinapita bila jasho.

Na vikapita. Aprili 1966 ilipitishwa sheria kwamba mbunge akihama chama kilichomchagua, anapoteza kiti na kurudi kwa wapiga kura. Walengwa walikuwa Jaramogi Oginga Odinga na wenzake wa KPU. Mmoja wao alikuwa Bildad Kaggia, mbunge wa Kandara kule Murang'a, mtu aliyefungwa Kapenguria pamoja na Kenyatta. Uchaguzi mdogo ulipoitishwa mwaka huohuo, Kaggia alipoteza kiti. Mwaka huohuo pia serikali ikapewa mamlaka mapana ya kuweka watu kizuizini bila kuwafikisha mahakamani. Kabla ya mwaka kwisha, sheria ikapitishwa ya kuiunganisha Seneti na Bunge la Wawakilishi, na Seneti ikapotea. Kufikia 1969 katiba ilikuwa imeguswa takriban mara 10, ndani ya miaka sita tu ya uhuru.

Wakati huo wengi wa eneo letu hawakuona shida. Rais alikuwa wao, serikali ilikuwa yao, na waliobanwa walionekana kuwa watu wa mbali. Lakini sheria haina kabila. Julai 1990 Kenneth Matiba na Charles Rubia, wote watoto wa Murang'a, walikamatwa na kuwekwa kizuizini bila kesi kwa sababu walidai vyama vingi. Matiba alipigwa na kiharusi akiwa humo kizuizini, na afya yake haikurudi tena kama zamani. Njia iliyotumika ni ileile iliyofunguliwa 1966. Waliopiga makofi siku inapitishwa hawakujua wanamtengenezea mtoto wao kamba.

Kuna mfano mwingine, na huu ni wa hapahapa Nyeri. Juni 1982 Bunge lilipitisha Kifungu cha 2A, kilichofanya KANU kuwa chama cha pekee kinachoruhusiwa na sheria. Aliyewasilisha hoja ni Charles Njonjo. Aliyeiunga mkono ni Makamu wa Rais, Mwai Kibaki, mbunge wa Othaya. Kifungu hicho kilidumu zaidi ya miaka tisa. Kilipofutwa Desemba 1991, Kibaki alijiuzulu serikalini mwezi huohuo na kuanzisha chama chake cha DP. Na tarehe 27 Agosti 2010, Kibaki huyohuyo, sasa akiwa Rais, ndiye aliyesimama Uhuru Park na kuizindua katiba tuliyo nayo leo.

Hatusemi haya kumsuta marehemu. Tunasema kwa sababu maisha ya mtu mmoja yanaonyesha jambo ambalo kitabu kizima kingetumia kurasa nyingi kulieleza. Mwanasiasa hubadilika kulingana na mahali alipokaa. Akiwa ndani ataunga mkono kufunga, akitoka nje atalilia kufunguliwa. Kwa hivyo raia haiwezekani aweke haki zake mfukoni mwa mwanasiasa, hata akiwa ni mwanasiasa mzuri, hata akiwa ni wa kwao. Aziweke kwenye utaratibu.

Mambo hayakuishia kwa vyama. 1986 Mwanasheria Mkuu aliondolewa ulinzi wa kazi yake. 1988 ikawa zamu ya majaji, na hapohapo polisi wakaruhusiwa kumshikilia mshukiwa wa kosa la kifo kwa siku 14 kabla ya kumpeleka kortini. Ulinzi wa majaji ulirudishwa 1990 baada ya kelele nyingi. Leo Kifungu cha 49 kinasema uliyekamatwa ufikishwe mahakamani ndani ya saa 24, au siku ya korti inayofuata kama muda huo umeangukia wakati korti zimefungwa. Kijana wa Kiislamu wa nchi hii anajua thamani ya zile saa 24. Hakuna haja tumfundishe.

Sasa tuje kwa Mahakama ya Kadhi.

Mahakama hizi hazikuletwa 2010 kama zawadi. Zilikuwepo Pwani kabla Mwingereza hajaja. Oktoba 1963, kabla ya ule ukanda wa Pwani uliokuwa chini ya Sultani wa Zanzibar kuunganishwa na Kenya, Jomo Kenyatta aliandikiana na Waziri Mkuu wa Zanzibar, Mohamed Shamte, na kuahidi kwamba mahakama za Kadhi zitalindwa. Ahadi hiyo ikaingia kwenye katiba, ikawa Kifungu cha 66.

Lakini tarehe 24 Mei 2010 majaji watatu wa Mahakama Kuu, katika kesi iliyofunguliwa na viongozi wa makanisa miaka sita nyuma, waliamua kwamba kifungu hicho kinapingana na misingi mingine ya katiba ileile, kwa kuwa kinaipendelea dini moja. Wiki kumi hivi baadaye, tarehe 4 Agosti, Wakenya wakaenda kwenye kura ya maoni. Rangi ya kijani ilikuwa Ndio, nyekundu ilikuwa La. Maaskofu na wachungaji wengi walikuwa upande wa La, na mahakama za Kadhi zilikuwa mojawapo ya sababu zao kubwa. Zaidi ya watu milioni 6 walipiga Ndio, karibu 7 kati ya kila 10.

Hapa kuna jambo ambalo ningeomba kila kijana wa Majengo, iwe ya Nyeri, ya Nanyuki ama ya Embu, alikumbuke. Mkoa wa Kati ulipiga Ndio kwa wingi mkubwa. Sisi Waislamu huku ni wachache sana. Kwa hivyo kura zile zilikuwa za majirani zetu Wakristo, watu waliotoka kanisani Jumapili wakiwa wameambiwa wakatae, na Jumatano wakapiga kura ya kukubali. Wengine walifanya hivyo kwa sababu ya ugatuzi, wengine kwa sababu ya ardhi, wengine kwa kumfuata Kibaki. Sababu zozote ziwe, Mahakama ya Kadhi ilibaki kwenye katiba kwa mikono yao. Kijana anayedhani usalama wetu huku mlimani utatoka kwa kugombana na jirani hajasoma historia yake mwenyewe.

Basi kufuli ikoje leo? Sura ya 16 ya katiba, Vifungu 255 hadi 257, ndiyo inayoeleza. Ni kurasa chache tu. Tutazieleza kwa lugha ya kawaida.

Njia ya kwanza ni Bunge lenyewe, Kifungu cha 256. Mswada unasomwa mara ya kwanza, unakaa siku 90 ili wananchi waujadili, halafu unahitaji thuluthi mbili ya wanachama wote wa Bunge la Taifa na thuluthi mbili ya Seneti. Kwa hesabu ni wabunge 233 na maseneta 45. Wakifika idadi hiyo na Rais akatia sahihi, imekwisha. Wewe huulizwi kwa kura.

Njia ya pili ni ya wananchi, Kifungu cha 257. Inataka sahihi za wapiga kura milioni 1, kisha mabunge ya kaunti yasiyopungua 24 yakubali, kisha iende Bunge.

Juu ya njia hizo mbili kuna orodha ya mambo 10 kwenye Kifungu cha 255. Ukitaka kugusa lolote kati ya hayo, ni lazima kura ya maoni ipigwe, na angalau asilimia 20 ya wapiga kura wajitokeze katika nusu ya kaunti. Orodha hiyo ina ukuu wa katiba, mipaka ya nchi, mamlaka ya wananchi, maadili ya taifa, Sheria ya Haki, muhula wa Rais, uhuru wa Mahakama na tume, kazi za Bunge, ugatuzi, na Sura ya 16 yenyewe. Waandishi wa 2010 walikuwa wamejifunza kutoka 1965. Mlango nao waliuweka kwenye orodha, usije ukalegezwa tena kimyakimya.

Sasa tafuteni Mahakama ya Kadhi kwenye orodha hiyo. Kwa jina, haimo.

Mahakama ya Kadhi iko Kifungu cha 169 na 170. Sheria ya Haki inaigusa mahali pamoja, Kifungu cha 24(4), kinachoruhusu sheria ya Kiislamu itumike mbele ya Kadhi katika mambo ya hadhi ya mtu, ndoa, talaka na mirathi. Kifungu hicho cha 24, kwa kuwa ni sehemu ya Sheria ya Haki, hakiguswi bila kura ya maoni. Lakini Kifungu cha 170 chenyewe, kinachoianzisha mahakama, wakili wa serikali anaweza kusimama na kudai kwamba thuluthi mbili ya Bunge zinatosha. Wakili wetu atasema hapana, kuifuta mahakama ni kuingilia uhuru wa Mahakama, na huo umo kwenye orodha. Hoja yetu ina nguvu. Lakini hoja ya kupelekwa kortini si sawa na jambo lililoandikwa wazi.

Kuna jingine. Kifungu cha 170 kinataka Kadhi Mkuu na makadhi wengine wasiopungua watatu. Nchi nzima! Makadhi wengine wote waliopo zaidi ya hapo wako kwa mujibu wa sheria ya kawaida na bajeti, na hivyo vinaweza kupunguzwa bila hata koma moja ya katiba kubadilika. Mama mjane wa Karatina anayetafuta mirathi ya watoto wake haangalii kama mahakama ipo kwenye katiba. Anaangalia kama kuna Kadhi anayeweza kumfikia bila kupanda matatu mbili na kupoteza siku ya kazi. Kwa hivyo tukisema tunailinda Mahakama ya Kadhi, tuangalie katiba, na tuangalie bajeti pia.

Turudi nyumbani tuone njia ya pili ilivyotumika, kwa mfano wa juzi tu wa BBI. Mwishoni mwa Januari 2021 Rais Uhuru Kenyatta aliwaita maMCA wa eneo hili katika Ikulu ya Sagana, hapa Nyeri, kuwaombea BBI kura. Mwezi uliofuata Tume ya Mishahara ikaidhinisha ruzuku ya gari, shilingi milioni 2 kwa kila MCA nchini. Wapinzani wakasema ni hongo. Wenyewe wakasema ni haki waliyoidai siku nyingi. Tuache hilo. Kilicho wazi ni kwamba kabla Februari haijaisha, mabunge ya kaunti za mlima yalikuwa yakipitisha mswada huo siku moja pamoja na mengine mengi, mswada mrefu uliogusa vifungu kadhaa vya katiba. Jiulizeni: ni wangapi kati yenu mliitwa kutoa maoni? Ni wangapi mliona nakala yake kwa Kiswahili, ambayo ni lugha ya taifa na lugha rasmi kwa mujibu wa Kifungu cha 7?

Tarehe 13 Mei 2021 majaji watano wa Mahakama Kuu waliusimamisha. Mahakama ya Rufaa ikakubaliana nao kwa sehemu kubwa mwezi Agosti. Tarehe 31 Machi 2022 Mahakama ya Juu ikatoa neno la mwisho, na vijana wengi walisikia nusu yake tu. Ilisema Rais hawezi kutumia njia ya wananchi kubadilisha katiba, na kwamba maeneo bunge mapya 70 yaliingizwa bila wananchi kushirikishwa. Hiyo ndiyo nusu tuliyosherehekea. Nusu ya pili ni hii: majaji sita kati ya saba walikataa hoja kwamba kuna misingi ya katiba isiyoweza kuguswa kwa utaratibu wa kawaida wa marekebisho. Aliyetofautiana nao ni Jaji Mohamed Ibrahim.

Maana yake ni nini kwetu? Ni kwamba nchini Kenya hakuna kifungu kisichoguswa milele. Kila kitu kinaweza kubadilishwa, mradi utaratibu wa Sura ya 16 umefuatwa. Kwa hivyo ulinzi wetu wote umebaki kwenye utaratibu huo, na utaratibu unafanya kazi tu ikiwa watu wapo.

Na watu wakiwepo inaonekana. 2024 Seneta Samson Cherarkey alileta mswada wa kurefusha muhula wa Rais na wabunge kutoka miaka 5 hadi 7. Wakenya walituma maoni kwa wingi, karibu wote wakipinga, na mswada haukufika mbali. Hakuna aliyehitaji kurusha jiwe. Walituma barua pepe. Kwa upande mwingine, Julai 2025 Bunge la Taifa lilipitisha mswada wa kuingiza hazina ya CDF ndani ya katiba kwa kura zaidi ya thuluthi mbili, ukaenda Seneti. Iwe unaipenda CDF ama huipendi, jua hili: idadi ya 233 inapatikana, wabunge wakiamua jambo ni lao.

Basi tunaomba nini kwenu?

Kwanza, someni Sura ya 16. Si lazima msome katiba yote wiki hii. Vifungu vitatu. Someni kwa pamoja baada ya Isha, mjadiliane. Shura ni jambo la dini yetu kabla halijawa jambo la katiba, na kijana anayejua tofauti ya Kifungu cha 256 na 257 hadanganywi kirahisi na mheshimiwa.

Pili, tangazo la kutoa maoni likitoka, liwe la bunge la kaunti ama la Bunge la Taifa, msiseme sisi ni wachache. Andikeni memoranda. Ukurasa mmoja unatosha: sisi ni nani, tunapinga ama tunaunga mkono kifungu gani, kwa nini. Wekeni sahihi, wekeni tarehe, bakini na nakala iliyopigwa muhuri wa kupokelewa. Ikifika kortini, karatasi hiyo ni ushahidi. Kelele za mtandaoni, hata zetu hapa, jaji hawezi kuzihesabu.

Tatu, chukueni kitambulisho na mjiandikishe kupiga kura. Sahihi kwenye Kifungu cha 257 ni ya mpiga kura aliyesajiliwa. Kura ya maoni ni ya mpiga kura aliyesajiliwa. Bila hiyo utabaki mtazamaji, tena kwenye jambo la ndoa yako na mirathi ya watoto wako.

Nne, zungumzeni na majirani. Mwalimu wa watoto wako, mwenye duka la dawa, yule mzee wa kanisa mnayekutana naye stendi ya matatu. Mwelezeni kwamba Mahakama ya Kadhi haimhusu asiyekuwa Mwislamu, kwamba hata Mwislamu haendi huko mpaka pande zote zikubali. Wengi hawalijui hilo. 2010 walitusaidia bila hata sisi kuwaomba. Safari nyingine huenda tukahitaji kuwaomba, na mtu humwomba aliyezoeana naye.

Tano, na hili ni letu sisi viongozi wa vuguvugu: ikiwa siku moja katiba itafunguliwa kweli, dai letu liwe moja na liwe wazi. Mahakama ya Kadhi iingie kwa jina kwenye orodha ya Kifungu cha 255. Tusingoje wengine walete mswada wao halafu tukimbilie kortini kuomba zuio.

Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Ufa wa 1965 haukuzibwa, na ukuta ulichukua miaka 45 kujengwa upya, kwa vifungo, vizuizi na maisha ya watu. Ukuta huo sasa uko mikononi mwenu. Mswada wowote ukija, kabla hamjauliza unampa nani cheo, ulizeni kwanza: unapitia mlango upi, na mlango huo unabaki na kufuli yake?

Sambazeni kwa makundi ya WhatsApp ya misikiti na ya vyuo. Mwenye swali kuhusu kuandika memoranda aulize kwenye maoni hapa chini, tutamjibu inshaAllah.

Wabillahi tawfiq.